Mirija Minane Myeusi

Dada yangu mpendwa,

Pokea salamu zangu, na uwagawie wanao, ukianza na yule anayenuna akinyimwa simu. Natumaini mgongo umepoa na wauguzi wenzako wa wodi mpya wameshakuzoea. Mimi mwili ni mzima. Moyo ndio siuwezi.

Umeniuliza mara tatu kwa nini mumeo amekuwa mkimya kwenye simu tangu uhamishwe kazi, na mara zote nimekujibu kwamba shemeji kachoka tu. Nilikudanganya.

Unakumbuka kile kinubi cha leza tulichokuwa tukikiunda katika chumba changu cha nyuma, mimi, shemeji na mwalimu wa fizikia. Ulikuwa ukitutania kwamba tunatengeneza kamba za kuanikia nguo zisizoshikika. Basi kilikamilika. Juu tulifunga leza nane, chini vijicho vinane vya kuhisi mwanga, kila mwali na kijicho chake. Ukiukata mwali kwa kiganja, kijicho kinaona giza, na spika inatoa sauti. Shemeji, kwa mikono ile ile ya kutengenezea saa, alilehemu nyaya zote peke yake. Kisha akakivisha kila kijicho kipande cha mrija mweusi wa kunywea soda, ili kisipokee mwanga mwingine ila wa leza yake. Mimi mirija ile niliiona inatutia aibu, kama kiraka kwenye suti.

Siku ya maonyesho ukumbi ulijaa pomoni. Tulikubaliana shemeji ndiye apige, maana wimbo alikuwa ameufanyia mazoezi miezi miwili. Akapitisha mkono, kimya. Akapitisha wa pili, kimya. Watu wakaanza kucheka, mmoja akasema mzee anafukuza nzi. Mshereheshaji akanipa kipaza sauti nieleze kulikoni. Nikasema nyaya alilehemu shemeji, na siku hizi mikono yake inatetemeka. Nilisema huku natabasamu, dada. Yeye aliinama kidogo kwenye kinubi, kisha akashuka jukwaani.

Maneno yale yakapata miguu. Nani atampa saa yake fundi anayetetemeka? Wateja walipungua, wakaisha, na sasa ni wiki ya tatu kibanda kimefungwa. Wewe ukipiga simu anakwambia kazi ziko nyingi.

Mikono ya shemeji haitetemeki. Asubuhi ile, kabla hajafika ukumbini, niliing'oa mirija yote minane, kisa nilitaka kinubi kitoke vizuri kwenye picha. Nyumbani tulizoea kukijaribu madirisha yamefungwa, kwa hiyo nikajiambia mirija ni wasiwasi wake tu. Pale ukumbini jua lilikuwa linapiga moja kwa moja kutoka madirishani, vijicho vikawa vinaona mwanga hata mkono ulipokata mwali. Niliposhika kile kipaza sauti nilikuwa nimeshaelewa kosa liko wapi. Mirija ilikuwa mfukoni mwangu.

Jana nilikwenda kumwangukia. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akaniambia alijua tangu jukwaani, kwa kuwa aliinama akaona vijicho viko wazi, bila mirija. Nilimuuliza kwa nini hakuniumbua palepale. Akasema wewe, dada, ndiye uliyenilea mimi tangu mama alipotutoka, na hakutaka uchague kati yetu ukiwa mbali, peke yako. Nililia kama mtoto. Akanipa leso, akasema msamaha wake niuhesabu nimeupata siku wewe utakapoujua ukweli, tena kutoka kwangu, si kwake.

Jumamosi nitasimama mbele ya watu wale wale niseme haya yote. Mwalimu wa fizikia ameshanisaidia kuwaita. Lakini ninawaogopa wao kidogo tu. Wewe ndiye ninayekuogopa.

Wabusu watoto, na usiwaambie bado mjomba wao ni mtu wa namna gani. Ukishamaliza kusoma, mpigie mumeo. Usiniombee kwake hata neno moja. Mwambie tu kwamba nimekwambia.

Ni mimi mdogo wako, uliyenifundisha kusema kweli.