Baba Mdogo Hatoki Tena

Jumamosi, Tinde. Mawingu yametanda tangu asubuhi, mvua haijanyesha. Leo nimesema uongo.

Shangazi Neema anatengeneza filamu za maisha halisi ya watu. Anapiga picha mwenyewe, anaongoza mwenyewe. Safari hii anairekodi familia yetu: Bibi, na mwanawe Baba Mdogo Masanja, aliyekwenda kuchimba dhahabu Geita nikiwa darasa la pili. Sasa nipo kidato cha tatu. Leo alikuwa anarudi.

Shangazi alikwenda barabarani kumpiga picha akishuka kwenye basi. Kamera ya pili akaniachia mimi, nikae uani na Bibi. Mimi, ambaye darasani hata kunyoosha mkono naogopa.

Baba Mdogo akaingia, akapiga goti. "Shikamoo, mayu," akasema, yaani mama kwa Kisukuma.

Bibi hakuitika. Alimshika kichwa kwa mikono miwili, akamnusa nywele kama mtoto mchanga. Ndipo akasema, "Marahaba. Umekonda kama fimbo ya kuchungia."

Niliona yote. Kamera haikuona kitu. Kwa kuwaangalia, nilisahau kubonyeza kitufe cha kurekodi.

Shangazi alikuwa nyuma ya Baba Mdogo. Kamera yake ilinasa mgongo tu. Aliponiuliza, nikasema betri iliisha chaji. Basi akamwomba Bibi warudie: Baba Mdogo atoke nje, aingie upya, aamkie tena.

"Nani atoke?" Bibi akauliza. "Ameshaniamkia, nimeshaitika. Leo umtoe kwa ajili ya hicho kidude chako?"

"Ni mara moja tu, mama."

"Na yeye alivyoondoka aliniambia hivyo hivyo. Mara moja tu."

Baba Mdogo akaangalia chini. Shangazi akaikunja miguu ya kamera.

Siku zote nimemwambia Shangazi kwamba nataka kazi yake. Kazi ya kuonyesha mambo yalivyo! Nami siku ya kwanza tu nimedanganya.

Jioni nilimkuta anafuta vumbi kwenye lenzi. Nikamwambia betri ilikuwa nzima.

Akaacha kufuta. "Kwa hiyo uliona nini?"

Nikamsimulia. Sikumbuki lini nimewahi kuongea kwa muda mrefu hivyo.

"Kesho utakaa mbele ya kamera," akasema, "uyaseme hayo hayo."

"Na uongo wa betri?"

"Huo hasa."

Naogopa. Lakini nitakaa kwenye kigoda cha Bibi, na nitaanza na zile nywele.