Padri Asiye na Uso

Blanka, hapa nilipo nasahihisha rangi za sehemu ya mwisho ya tamthilia yetu.

Unajua Radovan, mwongozaji wetu, amesema nini leo mbele ya wakubwa wa televisheni? Bia mkononi! "Jitka anabonyeza kitufe cha kamera tu. Mwanga wote ni wangu."

Kitufe! Mimi, kitufe!

Wakamuuliza kama watafute mpiga picha mwingine msimu ujao. Akacheka: "Chukueni yeyote."

Nikaja moja kwa moja huku studio. Si unakumbuka alijipa nafasi ya padri kwenye tamthilia? Nimempunguzia mwanga mpaka ikabaki pua tu.

Fundi wa rangi akaninong'oneza, "Dada, mbona padri hana uso?" Nikamwambia, "Mwanga si wake? Auwashe."

Studio inafungwa, shoga. Pua nitaizima kesho.