Kama Mnavyoona

Ngara Mjini,
14 Septemba 2024.

Mpendwa dada Febronia,

Shikamoo dada yangu. Ukiona barua badala ya simu usishike kichwa, hakuna msiba. Nimeamua kuandika kwa sababu simu wewe huikata ukikasirika, lakini barua, hata ukiichana, utakuwa umeshaisoma. Shemeji Bulugu hajambo? Na yule mjukuu aliyekuwa anaanza kutambaa, bado mnamkimbiza kutoka kwenye mafiga? Sisi huku tu wazima. Mvua imenyesha mara mbili tatu, za kutia vumbi adabu tu, na watu wameanza kupanda maharage. Mama anakula, analala, na bado anagombana na mbuzi wangu kila asubuhi. Habari zake nyingine ziko mbele, naomba usiruke kurasa kuzitafuta.

Kwanza nikushukuru. Safari ya Kigali nisingeifikiria kama si wewe. Ulisema miaka kumi na miwili nimemwangalia mama bila hata Jumapili moja ya kunyoosha miguu, kwa hiyo niende na akina mama wenzangu wa WAWATA ya parokia yetu, nikae siku tatu, mama abaki na jirani yetu Nimpaye. Hata viatu ulinitumia. Vilinibana kidogo kwenye kidole gumba lakini sikuvivua, maana nilitaka watu wajue kwamba nina dada. Asante sana, Febronia. Nasema hivi mapema kwa sababu huko mbele huenda ukaniona sina shukrani.

Najua pia ulichokuwa unakiwaza. Tangu mwaka jana, mama aliporudia mlangoni pa chumba cha upasuaji, hujakanyaga Ngara. Mtoto wa jicho ameshamaliza jicho la kulia, na la kushoto linaona kama mtu anayechungulia ndani ya chandarua. Madaktari wa macho wanarudi mwezi wa kumi, na safari ile walisema wazi kwamba tusingoje na hilo lifunge. Ukaniagiza nimbembeleze mama akubali. Ukaniagiza tena kwamba tangu alipoanguka kwenye ngazi za kanisa, asivuke hata barabara bila kushikwa mkono. Nikakujibu ndiyo kwa yote mawili.

Basi tukaondoka Jumatano, akina mama ishirini na wawili kwenye basi moja, na nyimbo zilianza kabla hatujashuka kilima cha Ngara. Mimi nilikaa na bibi mmoja mchangamfu ambaye alidai kiti cha dirishani na akakipata. Pale Rusumo, ukishavuka daraja, unajua mwenyewe, saa inarudi nyuma kwa saa moja na magari yanahamia kulia. Bibi yule akasema basi amekuwa mdogo kwa saa moja, na wakati wa kurudi hatairudisha. Basi zima likacheka. Tulilala kwa masista, na asubuhi yake ndiyo tukapangiwa matembezi ya nusu siku, kuanzia saa mbili mpaka saa saba, tukiwa na mwongoza watalii wetu wenyewe kama Wazungu.

Jina lake Niyonzima, mtu mzima wa miaka arobaini hivi, mwenye kofia ya majani na sauti ya mhubiri. Kiswahili chake kilikuwa cha darasani kama chetu, na kilipomwishia alisema Kinyarwanda, sisi tukamjibu kwa Kihangaza chetu, hakuna aliyehitaji mkalimani. Ila alikuwa na tabia moja. Kila alipofungua mdomo alianza na kama mnavyoona. Kama mnavyoona, barabara zetu ni safi. Kama mnavyoona, hata abiria wa pikipiki amevaa helmeti. Kama mnavyoona, jengo lile la duara ni la mikutano, na usiku linabadili rangi. Sasa bibi wangu akawa kila mara anaitikia kwa nguvu kuliko wote, tunaona, tunaona, kama yuko kwenye litania. Akina mama wakaanza kumwigiza. Mpaka tunafika mzunguko wa tatu, Niyonzima alikuwa akisema neno lake kisha anasubiri kuitikiwa.

Dada, wenyewe husema macho hayana pazia, na yangu siku ile hayakuwa nalo. Nilitazama mpaka shingo ikauma. Nilivuka barabara nikiangalia kulia kama nilivyozoea, gari likaja kutoka kushoto, na kama si mwenyekiti wetu kunivuta gauni, barua hii ingeandikwa na mtu mwingine. Mji umejaa vilima kama kwetu, ila vya kwao vimepigwa lami mpaka kichwani. Bibi wangu alitaka kujua kila kitu. Ngazi hii ina vipandio vingapi? Ukuta ule una rangi gani? Yule aliyepita amevaa nini? Niyonzima alijibu mpaka akatoa kitambaa kujifuta jasho, akasema miaka tisa anatembeza wageni, hata waandishi wa magazeti hawajawahi kumhoji hivyo.

Tulipofika soko la Kimironko, bibi akasimama kwenye meza ya maharage, akatia mkono mpaka kwenye kiwiko, akayapapasa, akanusa kiganja, akatangaza kwamba maharage haya ni ya kwetu Ngara. Mwenye meza akakana. Bibi akashikilia. Mwishowe yule mama akacheka, akakiri kwamba yaliingia wiki iliyopita kwa njia ya Rusumo. Tulishangilia kama tumefunga goli.

Gisozi, kwenye makaburi ya waliouawa mwaka tisini na nne, hatukuimba. Sisi tuliokuwa tukichota maji mto Kagera mwaka ule tunajua tulichokiona, na sitakiandika. Bibi alikataa kuingia ndani. Aliketi kwenye benchi na rozari yake, akasema yeye aliona ya kutosha wakati ule. Na nilichompendea Niyonzima ni kwamba pale hakusema neno lake hata mara moja.

Mwisho wa yote akatupandisha kilima cha Rebero, maana alisema mtu hajauona mji mpaka autazame kutoka juu. Tukashuka kwenye basi, upepo unapiga vitenge, jiji lote liko chini. Akina mama wakasogea ukingoni na simu zao. Mimi nami, Mungu anisamehe, nikamwachia bibi mkono ili nipige picha. Niyonzima akanyoosha fimbo yake akasema, kama mnavyoona, kule ndiko uwanja wa ndege, na kule ndiko katikati ya jiji. Tukasikia sauti nyuma yetu ikiitikia, tunaona, baba, tunaona, ni pazuri sana. Tukageuka. Alikuwa ametupa mgongo. Alikuwa amesimama mbele ya ukuta wa choo, hatua mbili kutoka kwenye matofali, kichwa ameinua, anatabasamu, anasema anaona.

Hakuna aliyecheka. Na hapa, dada, siwezi kuendelea kumwita bibi. Ni mama.

Ndiyo. Nilimpeleka. Usimlaumu Nimpaye, nilimwambia kwamba umeruhusu. Usimlaumu na mama, hakunilazimisha. Aliuliza tu, siku nilipokuwa nakunja nguo, kwamba akifika mbinguni akaulizwa alichokiona duniani ataje nini, Ngara na Biharamulo? Siku iliyofuata nikamwandikisha, tukaenda pamoja uhamiaji kumchukulia hati ya safari, na wewe nikakudanganya kwenye simu huku yeye yuko pembeni anachagua kitenge kwa kupapasa. Mimi mwenyewe nilijidanganya kwamba bado anaona kiasi. Nyumbani anajua kila jiwe, anamimina chai bila kumwaga hata tone, mtu unasahau. Pale Rebero ndipo nilipojua kwamba tangu tulipotoka Ngara alikuwa haoni kitu, ila hakutaka kuniharibia safari uliyonipa.

Niyonzima alivua kofia, akaenda akamshika mabega taratibu, akamgeuza. Hakumwonea huruma ya kelele. Alimwita mukecuru, kama wanavyomwita kikongwe kwao, akachukua mkono wake, akaunyoosha kama fimbo yake, akaanza kumweleza. Hapa chini kuna mabati ya bluu, yamepangana mpaka bondeni. Hapa kuna mikaratusi. Sasa hivi ndege inatua, imeinamisha pua. Alimzungushia mkono jiji zima, labda nusu saa, na akina mama wote wakasimama kumsikiliza yeye badala ya kutazama. Mama akamuuliza kama hachoki kuona kwa niaba ya watu. Yeye akamjibu kwamba mama yake mzazi alikuwa hivihivi, miaka minne, akasafishwa macho yote mawili, na walipomfungua bandeji neno lake la kwanza lilikuwa kumuuliza Niyonzima nani amemzeesha namna ile. Mama alicheka mpaka akashika ubavu. 

Wakati wa kurudi, pale daraja la Rusumo, akaniambia kwamba amechoka. Nikafikiri ni mwili. Akasema hapana, amechoka kusema anaona. Akasema madaktari wakija, atakwenda.

Ningependa kuishia hapo, Febronia, nikuache na furaha. Lakini mficha uchi hazai, na mimi nimeficha mwaka mzima.

Unakumbuka siku ile ya mwaka jana. Ulikuja kutoka kwako Nyarubungo wiki nzima kabla, ukazungumza na daktari, ukapanga tarehe, ukarudi kwako kwa sababu ya msiba wa mkwe wako, ukaniachia mimi kazi moja tu ya kumfikisha mama mlangoni. Nilimfikisha. Muuguzi akatoka akaita jina, Restituta. Mama akasimama. Alikuwa ameshasimama, dada. Alikuwa ameshanipa rozari nimshikie. Mimi nikaona ule mlango, nikamwona baba yetu, marehemu mzee Felisiani, alivyoingia kwenye mlango kama ule akitutania kwamba tumwachie ugali, na alivyotoka.  Nikamshika mama kitenge, nikamwambia, mama, nakuomba, twende nyumbani. Alinigeuzia uso akanisikiliza ninavyopumua. Kisha akamwambia muuguzi kwamba amebadili mawazo.

Jioni ulipopiga simu nikakuambia mama amekataa. Alikuwa ameketi karibu nami kama hapa meza ilipo, anasikia. Ukasema maneno makali, kwamba ni mkaidi, kwamba akianguka usiitwe. Simu ilikuwa kwenye spika. Nilipoikata nilingoja aniseme. Aliniomba maji ya kunywa, basi. Tangu siku hiyo kila uliponiuliza kama bado mkaidi nilijibu ndiyo, naye akisikia husema tu acha, wewe ni mdogo, mkubwa wako atanisamehe mimi upesi kuliko wewe. Mwaka mzima umemnunia mtu ambaye hana kosa. Alilibeba langu, akaendelea kupoteza jicho kwa ajili ya kunisitiri.

Nisamehe, dada yangu. Usinisamehe upesi kama huwezi, lakini yeye mpigie leo hii. Mimi namshukuru Mungu kwa mama wa namna hii, namshukuru kwa Niyonzima na fimbo yake, na nakushukuru wewe, maana bila safari yako mama angeendelea kuitikia anaona mpaka tunamzika.

Nimemsomea barua yote kabla ya kuifunga. Nilipofika kwenye ukuta wa choo akaniamuru nipafute, nimekataa, na ameapa kukusimulia kwa namna yake. Kwenye habari ya hospitali alisema nimeandika vizuri, nisiongeze.

Ninamtuma Restituta wa kwa katekista, yule wajina wa mama, anakwenda mnadani Nyakahura, jirani na kwako, Jumamosi ijayo, akukabidhi mkononi. Msalimie sana shemeji Bulugu, watoto wote, na wakwe zako, na uwape pole yangu iliyochelewa. Nimpaye anakusalimu, na anaogopa kukutana nawe.

Madaktari wataanza kazi tarehe saba ya mwezi wa kumi, na jina la mama limo. Ila ametoa sharti moja. Amesema mimi nibaki nyumbani na mbuzi. Atakayemshika mkono mpaka mlangoni ni wewe, na mlangoni pale, hata ukimsikia anatetemeka, usimwachie na usimrudishe.

Mimi mdogo wako,
Leonsia.