Namba ya Mlangoni

Jumatatu, 3 Februari
Mandazi yameisha mapema. Nimerudi nikapata mlango wangu umeandikwa namba nyekundu. Mtaa wetu wote wa Soweto West uko hivyo. Rangi nyekundu tunaijua, nyuma yake huja tingatinga. Nimechukua mafuta taa na kitambaa, nikasugua mpaka ikatoka. Nekesa, fundi wa nguo, jirani yangu, hakusugua. Uvivu tu.

Jumamosi, 8 Februari
Baraza kwa chifu. Ati zile namba ni za nyumba! Serikali imekopa ng'ambo, imejengea wapangaji gorofa upande wa mtaa wa Olympic. Asiye na namba, hana nyumba. Nimeeleza kwamba yangu niliisugua. Kijana wa mradi huo wa nyumba akasema waliotoa mkopo hawataki majina mapya. Nekesa akanigusa bega. "Mama Brayo, si ungeuliza kwanza?" Alikuwa anacheka. Nilimwona.

Jumapili, 9 Februari
Sikuenda kanisa. Nekesa alikuwa anatoa shukrani.

Alhamisi, 20 Machi
Mafuta ya kupikia yamepanda. Unga pia. Redio inasema ni ushuru mpya, nchi ilipe madeni ya nje. Kumbe gorofa ya Nekesa tunalipa sisi wote. Kila nikigeuza mandazi namlipia choo cha ndani. Nina wivu.

Kesho watu wa mradi wanapita kuhakikisha namba. Jioni nimesimama mlangoni kwake na kitambaa chenye mafuta taa. Hakuwepo. Mama wa kibanda cha makaa akaniangalia. Nikajifanya napangusa vumbi, nikaenda zangu. Kilichonizuia ni aibu, si wema.

Jumamosi, 7 Juni
Wametubomolea. Niko Kawangware, nyuma ya stage ya matatu za namba 56. Wateja wa huku wanabonyeza mandazi kabla ya kununua. Nekesa ameingia gorofani. Alibebesha mkokoteni mlango wake wa mabati, ati ukumbusho. Ukumbusho wa nini, na mimi sina hata chumba cha maana.

Jumapili, 24 Agosti
Nekesa amehamia huku. Godoro, cherehani, na ule mlango. Malipo ya gorofa ya kila mwezi yamemshinda, na vitambaa vya kushonea navyo vimepanda. Sasa anakaa huko mtu wa ofisi, ana gari.

Nilifurahi. Kweli nilifurahi, mpaka tukaanza kushusha godoro.

Chumba kilichokuwa wazi hapa kando yangu hakina mlango. Tumetundika wake. Namba bado nyekundu. Akauliza kama nina mafuta taa. Nimempa, na kitambaa.