Wanne au Sita

Jumamosi, 2 Machi

Baba amekosea hesabu leo. Naandika hivyohivyo, maana kichwani haitaki kukaa.

Tulikuwa kwa Kinyozi, chumba cha nyuma ya saluni, mazoezi ya vita vya mezani kabla ya mechi na wale mapacha wa duka la rangi. Milima ya sponji, mto wa kitambaa, na sanamu zetu ndogo zimepangwa. Sanamu natengeneza mimi kazini, kwa mabaki ya plastiki ya meno ya bandia — ndiyo maana askari wetu ukiwakwangua rangi wote wana mwili wa ufizi. Bosi anajua. Anajifanya hajui.

Chumba kile kina kanuni yake. Kabla ya kushambulia, nahodha anatangaza kwa sauti anatarajia kuua wangapi. Kinyozi anaandika ubaoni kwa chaki, ndipo dadu zinarushwa. Dadu zikikataa, hiyo ni bahati, hakuna wa kukulaumu. Lakini tangazo likiwa na hesabu mbovu na mpinzani akalipinga, shambulizi limekufa palepale. Na mwenzake nahodha haruhusiwi kufungua mdomo mezani. Kanuni hiyo aliiweka Baba mwenyewe, enzi hizo mimi nakalia mto ili nifikie meza.

Basi leo Baba ana wapiga nyundo, dadu tisa. Hesabu ya kitoto. Theluthi mbili zinampata adui: sita. Nusu ya hizo zinajeruhi: tatu. Ngao inazuia theluthi moja: yanabaki mapigo mawili. Mapigo mawili, maiti wawili. Baba akatangaza watatu.

Nilidhani masikio yangu yamenidanganya. Kinyozi alishika chaki, akakaa nayo kidogo, akaandika tatu. Hakupinga — na yeye ndiye aliyekuwa mpinzani!

Najua Baba alipopotelea. Pigo moja la nyundo linaondoa pointi tatu za uhai. Mapigo mawili, sita. Kila mlinzi ana uhai wa pointi mbili, kwa hiyo sita gawa kwa mbili, watatu. Inapendeza kweli. Ila ziada haihami. Mwenye uhai wa mbili akipigwa tatu, ile moja inayozidi anakufa nayo, haimrukii jirani. Hilo ni kosa la mtu wa wiki ya kwanza. Nililifanya mimi nikiwa darasa la nne, Baba akanifinya sikio: "Mtu hafi mara mbili, Desimali."

Desimali ndiyo mimi. Tangu siku nilipomwuliza nusu askari anatembeaje.

Jumapili, 3 Machi

Nimepita nyumbani kwa wazee mchana. Baba yuko barazani na brashi, anapaka rangi nyeupe ya mwanzo, ile inayotangulia rangi zote. Nikaangalia anachopaka. Ni yule jemadari wetu. Yule aliyemkalia wiki mbili kwa kioo cha kukuzia, mpaka kope alimchora. Alikuwa amekwisha kabisa. Sasa mweupe kama yai.

Nikamwuliza kwa nini anamrudia. Kaniangalia, kamwangalia jemadari. Kasema hakumpenda vile alivyotoka. Alijibu haraka mno.

Mama jikoni hataki kusikia. Baba yako kachoka tu, kustaafu kunachosha kuliko kazi. Nikamwambia mficha maradhi kifo humuumbua. Nilikosea kusema. Mama aliweka mwiko chini, akaniambia nisimtabirie kifo mume wake ndani ya nyumba yake, kisha akaniuliza kama nitakula au nitaondoka. Nikala. Nikaosha sahani, nikaondoka.

Jumanne, 5 Machi

Leo nimemwambia Baba. Sina subira mimi, watu wote wanajua.

Alikuja mwenyewe kazini saa ya chakula kuchukua wapiga nyundo wapya. Tumekaa kwenye benchi la karakana, katikati ya taya za watu zinazosubiri kusagwa. Nikamwambia Baba, Jumamosi ulitangaza watatu na walikuwa wawili. Na jemadari ulimpaka mara ya pili. Twende tukamwone daktari wa kichwa, mimi na wewe tu, hata Mama asijue.

Kwanza alicheka. Akasema kunya anye kuku, akinya bata kaharisha: kijana akikosea ni haraka zake, mzee akikosea ni mgonjwa. Nikacheka na mimi, Mungu anisamehe, ana ulimi huyu mzee. Halafu nikarudia palepale. Daktari.

Hapo akabadilika. Sijawahi kumwona hivyo tangu niwe mtu mzima. Alisema amepima mashamba na viwanja vya watu miaka yote na hakuna mpaka wake uliowahi kurudi mahakamani. Alisema hataki kukaa mbele ya kijana wa koti jeupe aulizwe leo ni siku gani.

Kisha akaweka dau. Mechi ya Jumamosi atatangaza yeye, kama siku zote. Akitangaza vibaya hata mara moja, Jumatatu asubuhi nitamkuta kavaa viatu, nimpeleke ninakotaka. Akitangaza sawa mechi nzima, neno daktari nisilitaje tena mpaka anazikwa. Akanyoosha mkono. Nikaushika.

Nimeingia dau juu ya kichwa cha baba yangu. Na nani mwenzake mezani Jumamosi? Mimi.

Jumatano, 6 Machi

Kaka kwenye simu: wewe ndiye uko karibu, wewe ndiye unamwona. Kweli. Yeye huko aliko humwona kwenye picha tu, na kwenye picha Baba anapendeza.

Kutoka kazini nimepitia kwa Kinyozi. Alikuwa na kichwa cha mteja mkononi, nikasubiri. Alipomaliza nikamwuliza kwa nini hakupinga siku ile. Akajifanya anatafuta kitana. Mwishoni kasema ni mara ya nne hiyo. Ya nne! Na zote kaandika ubaoni kama zilivyo. Rafiki yake ana kitu kimoja tu duniani kinachomfanya aoge mapema Jumamosi, yeye hatakuwa mtu wa kumnyang'anya.

Nilikasirika. Mapenzi gani hayo? Unamwona mwenzako anazama unamsifu anavyoogelea. Kinyozi akaniambia taratibu: mapacha hawatanyamaza, bibie. Wale wanapinga hata tangazo lililo sawa, wakijaribu bahati.

Najua. Ndiyo maana silali.

Alhamisi, 7 Machi

Baba kapiga simu nikiwa na taya ya mtu kwenye mashine. Kasema nimpe hesabu yoyote. Nikampa: dadu kumi na mbili, nusu zinapata, theluthi mbili zinajeruhi, ngao inazuia nusu, kila pigo pointi tatu, adui ana uhai wa mbili. Nasikia anahema. Kisha: "Wawili. Na pointi mbili zinaoza." Sawasawa! Nikampa nyingine, sawa. Ya tatu, sawa. Akakata simu bila kuaga, kwa maringo.

Ningefurahi, siyo? Nilifurahi kama mtu anayeteremka ngazi akakuta moja haipo. Maana akishinda dau, mlango wa daktari umefungwa, na jemadari bado mweupe. Binti gani anaomba baba yake akosee mbele za watu? Mimi huyu.

Ijumaa, 8 Machi

Nimevunja jino la mbele la mteja. La bandia, lakini bosi amekasirika kama ni lake. Kasema akili yangu iko wapi. Nikaanza kulichonga upya.

Mama amepiga kuuliza Baba avae shati gani kesho. Hajawahi kuniuliza mimi shati la mume wake. Nikasema la bluu. Akakaa kwenye simu kimya, nikakaa na mimi. Anajua. Wote tunajua, kila mtu na kona yake.

Jumamosi, 9 Machi — asubuhi

Shati la bluu. Kanyolewa na Kinyozi bure, ananukia. Njiani kanishika mkono tulipovuka barabara, sijui nani alikuwa anamvusha nani. Kasema, "Leo kaa kimya kama sanamu zako." Nikasema ndiyo, Baba.

Jumamosi hiyohiyo — mapumziko

Niko ngazi za nyuma ya saluni, daftari mapajani. Ndani wanakunywa chai. Naandika maana mikono haina kazi nyingine.

Mpaka sasa Baba ametangaza mara tatu. Zote sawa. Ya kwanza mapacha waliipinga, Kinyozi akaipiga hesabu ubaoni mbele ya wote, ikatoka vilevile. Yule pacha mwenye miwani akaomba radhi. Baba akamwambia asijali, rangi huuzwa kwa lita, watu huuliwa kwa vichwa. Chumba kizima kikacheka. Nilimwona Baba yangu, yule wa zamani, kwa muda wa kunywa maji. Nilimpenda mpaka macho yakaniwasha.

Imebaki lango la mapacha. Walinzi sita, uhai wa pointi mbili kila mmoja. Sisi tuna wapiga nyundo wote, dadu kumi na nane. Zinampata kumi na mbili. Zinajeruhi sita. Zinapita ngao nne. Maiti wanne. Kwa njia ile mbovu: nne mara tatu, kumi na mbili, gawa kwa mbili — sita. Lango zima. Shetani mwenyewe asingeweza kuupanga mtego vizuri hivi: namba mbovu ndiyo ile ile kila mtu ndani anayoitamani.

Kabla ya chai alishazipanga dadu, safu tatu za sita. Alikuwa anazihesabu kwa kidole, anarudia. Mara kwa mara. Kinyozi ndiye aliyeona, ndiye aliyesema tupumzike kwanza.

Amenifuata hapa. Kakaa ngazi ya juu yangu na kikombe chake, hakunywa. Tumetazama matanki ya maji na nguo za jirani. Kasema nguo zimekauka, wangezitoa. Nikasema ndiyo. Kisha, bila kunitazama:

"Ni wanne au sita?"

Maisha yangu yote Baba hajaniuliza namba. Ni yeye wa kuuliza ili anipime, siyo ili ajue.

Nikamwuliza yeye kapata ngapi. Kasema kapata zote mbili. Kila akirudia inatoka mojawapo, na zote zinaonekana za kweli. Zamani, kasema, ile ya uongo ilikuwa inanuka. Siku hizi hainuki.

Nikamshika goti. Hapa nje kuongea ni ruhusa, ni mapumziko, hakuna kanuni ninayovunja. Nikisema wanne, anaingia, anatangaza wanne, mapacha wananyamaza. Anatoka mshindi. Na mimi nimempa mkono, Jumatatu sina haki ya kusema neno, na yeye atarudi nyumbani na kichwa kile kile. Nikisema sita, ninamwaibisha mbele ya meza aliyoijenga yeye, kwa mdomo wangu mimi, mwanawe. Lakini Jumatatu atavaa viatu.

Nilifungua mdomo nikaufunga. Yeye akaniona. Kasema nifikirie, anakwenda kunawa mikono, vumbi la chaki limemganda. Akirudi nimwambie.

Nasikia maji kwenye karai. Naandika haraka.

Nitamwambia wanne. Nimeamua. Siwezi kumwuza, hata kwa faida yake. Nitamwambia wanne, halafu nitapiga magoti nimwombe aende kwa hiari, nje ya dau, kama baba anayemhurumia mwanawe. Labda atakataa. Atakataa. Lakini atakuwa amekataa akijua nimemwambia kweli.

Maji yamefungwa. Anakuja —

Kapita. Kapita hapa sasa hivi, mikono inachuruzika, anajipangusa kwenye shati la bluu. Nimesimama, nimesema Baba, na yeye akanigusa kichwani kama nilipokuwa mdogo.

"Sita. Asante, mwanangu. Nilijua, ila nilitaka kusikia kwako."

Sijamwambia kitu. Sikusema namba yoyote. Uso wake umetulia kabisa, uso wa mtu aliyejibiwa.

Ameingia. Pazia bado linacheza. Kinyozi anaita manahodha mezani, na huko ndani sina ruhusa ya kufungua mdomo. Kabla hajafika mezani ningeweza kumwita. Nimerudi kukaa.