Sikio la Baba na Cheti cha Kapitani

Kuya Rodel, kaka yangu mpendwa,

Pokea salamu zetu sote wa huku nyumbani Ufilipino. Natumaini baridi ya Taiwan haijakuingia kifuani na kwamba kiwandani wanakuacha ulale. Mama hajambo. Baba ameanza kula wali tena, ingawa anatafuna upande mmoja.

Najua Mama alikuambia Baba aliteleza kwenye tuta la mpunga. Hakuteleza. Jirani yetu Nestor Dumalag aliyaziba maji yasifike shambani kwetu, Baba akaenda kuyafungua, Nestor akampiga kwa koleo mpaka akaanguka matopeni. Alipojaribu kuinuka akamkanyaga shingo, akampiga tena. Nilipofika, sikio la kushoto lilikuwa linaning'inia kwa ngozi tu, na mdomo umejaa tope na damu. Daktari alilishona, akaandika kwamba atapona ndani ya wiki tatu.

Hatukwenda kwa Kapitani, mkuu wa kijiji, maana Nestor ni mtoto wa dada yake. Tulikwenda moja kwa moja kushtaki mjini. Hakimu, mama mmoja mpole, akatueleza kwamba kwa majeraha ya kupona upesi namna ile, majirani lazima kwanza wasuluhishwe na Kapitani, na wakishindwana awape cheti cha kuwaruhusu kushtaki. Sisi cheti hatukuwa nacho. Akaifuta kesi. Nilimuuliza kama hazioni zile nyuzi. Akasema anaziona, ila sheria haimruhusu.

Nje ya mahakama Nestor alikuwa anatungoja, anatafuna karanga.

"Tatay, mzee wangu, kumbe ulisahau cheti," alimwambia Baba. "Au nikukate na la pili, ziwe kesi mbili?"

Alhamisi tukaketi kwa Kapitani. Akatumiminia kahawa, akamtaka Baba apeane mkono na Nestor yaishe. Baba akasema anachotaka ni cheti tu. Nestor akanyoosha mkono kana kwamba anamwamkia, akamshika sikio, akalivuta. Nyuzi zikakatika. Baba alilia kama mtoto, Kuya, na Kapitani akageuka kutazama dirishani.

Sasa nikuambie lile lililomshinda Mama kulitamka. Birika lilikuwa juu ya jiko la mkaa, linachemka. Nililinyakua, nikammwagia Nestor kahawa yote usoni, kisha nikampiga nalo mpaka mkono wa birika ukang'oka. Jicho lake moja limekufa. Barua hii nakuandikia kutoka mahabusu. Nikisinzia nayasikia mayowe yake, na mpaka leo sijui kama najuta.

Wakili niliyepewa anasema kosa la kumpofua mtu ni zito, halipitii kwa Kapitani. Kesi yangu ilipokelewa siku ileile. Ya Baba bado inangoja cheti.

Usivunje mkataba wako kwa ajili yangu, na ndugu zetu wakikuomba ruhusa ya kuchukua mapanga, wakatalie. Mpigie Mama simu, zungumza naye taratibu. Wenzako wa chumbani wape salamu zangu, na Mungu akulinde huko uliko.

Ni mimi mdogo wako,
Marivic