Kitambaa cha Miezi Mia Mbili na Arobaini

Dada yangu mpendwa,

Kwanza pokea shikamoo yangu, na kabla sijasema lolote nakuuliza hali. Mgongo unasemaje? Ule upande wa kushoto uliosema unakukaza ukiinua mashuka yaliyolowa, umeachia au ndiyo kwanza unazidi? Na mvuke wa chumba cha pasi haujakurudishia kikohozi? Nakuombea asubuhi na jioni, nakutaja wewe kwanza ndipo nawataja wanangu, na Mungu bado hajanichoka, kwa hiyo naamini u mzima. Sisi huku hatujambo. Shemeji yako anahangaika na mabomba ya watu mji mzima, na bomba la jikoni kwake linavuja mwezi wa tatu huu. Nikimkumbusha hunijibu kwamba kinyozi hajinyoi. Watoto wazima, wana njaa kila saa.

Barua yako niliipata, ile uliyonieleza kwamba umekwisha kumwambia msimamizi wenu wa dobi kuwa mwaka huu ukiisha unaweka pasi chini na kurudi nyumbani. Niliisoma mara tatu. Umesema kwa hesabu yako, miaka minane tuliyolipa sisi, na rejesho moja zima la mwezi ulilokuwa ukituma wewe kila mwanzo wa mwaka, deni la nyumba lazima limeshavuka nusu, sasa utakuja kukaa chumbani kwako na tutamalizia pamoja taratibu. Dada, ni miezi miwili sijakujibu. Usidhani nimepuuza. Nilikuwa nashona jibu. Ndiyo, nashona, na nitakueleza.

Niliposoma maneno yako nilitaka nikuandikie kwa uhakika tumefika wapi. Bahati nzuri yupo binti mmoja anayefanya kazi ya mikopo katika benki yetu, mteja wangu wa sketi, sisi humwita Miwani. Alipokuja kujaribu sketi, nikiwa nimepiga magoti napima upindo, pini mdomoni, nikamuuliza, mwanangu, ile nyumba yetu tumebakiza kiasi gani? Akaniuliza kama sijawahi kusoma ratiba ya marejesho. Nikamwambia ratiba gani tena. Akasema zile karatasi nyingi zenye tarakimu, nilizopewa siku ya kutia sahihi.

Dada, nikazikumbuka. Zilikuwa karatasi nzuri, ngumu, na upande wa nyuma mweupe kabisa. Nilizifanya mifano ya kola. Miaka minane nimekata kola za wanafunzi kwa kupitishia mkasi kwenye deni langu mwenyewe, na sijaligeuza hata siku moja nione limeandikwa nini. Miwani alicheka mpaka akajichoma na pini. Halafu siku ya pili akaniletea nakala nyingine, akaketi nami, akanionyesha kwa kidole mstari wa mwezi ule tuliomo.

Alisema kwamba ukijumlisha yote tuliyokwisha kulipa, tumeshapita ile bei tuliyokopa kununulia nyumba. Nikamshukuru Mungu kwa sauti. Akaniambia ningoje kwanza. Akasema nyingi ya pesa hiyo imekwenda kwenye riba, na deni lenyewe tumelipunguza sehemu moja katika nane, na kitu kidogo juu yake. Nikamwambia asinitanie, mimi mtu mzima. Akavua miwani, akaifuta, akarudia vilevile.

Shemeji yako aliporudi nikamweleza. Alichukua tepu yake ya kazi akaipima nyumba yote, chumba kwa chumba, akigawanya kwa penseli ukutani. Mwisho alikuja kusimama koridoni, hatua moja mbele ya mlango wa bafu, akasema jiko ni letu na korido mpaka hapa alipoweka kisigino. Akanikaribisha nyumbani. Akasema kule sebuleni tukienda tubishe hodi, ni ugenini. Tulicheka sana.

Sasa unanijua mimi. Shule nimeishia njiani, tarakimu zikipangwa nyingi huniruka kama viroboto. Nikisikia kitu bila kukishika, hakiniingii. Nikaona nikikate kwa mkasi nikione. Nilikuwa na mabaki ya kazi za shule, mekundu ya sketi na meupe ya mashati. Nikasema kila rejesho la mwezi liwe kipande kimoja chenye urefu wa rula, sentimita thelathini, na upana wa vidole viwili. Katika kila kipande, sehemu inayokwenda kwenye riba niifanye nyekundu, inayopunguza deni lenyewe niifanye nyeupe. Vipande mia mbili na arobaini, miaka yote ishirini, nivishone kimoja baada ya kingine. Miwani alinipigia hesabu za kila kipande, shemeji yako akawa ananisomea, mimi nakata. Akasema amesikia watu wanaolipa madeni na watu wanaokimbia madeni, ila anayelidarizi deni lake ni mimi wa kwanza.

Kipande cha kwanza, Dada, chekundu kilikuwa sentimita ishirini na nane na zaidi. Cheupe hakikufika mbili. Cherehani ilikimeza. Nilikitoa kwenye meno ya mashine nikakishona kwa mkono, nikawa najiuliza, hiki ndicho tulichonunua mwezi ule? Mwezi ule tuliokula bila mafuta? Nikashona cha pili, cha tatu, cha ishirini, na weupe hauongezeki kwa macho. Unaongezeka kama ukucha unavyoota. Nilikuwa nafanya vipande vichache kila siku baada ya kazi za watu, na vilipokwisha, siku ya mapumziko, tulipotoka kuabudu, tukakitandaza kitambaa chote.

Kilianzia mlango wa mbele, kikapita sebuleni, kikaingia koridoni, kikaishia kwenye kizingiti cha chumba chako. Mita nane na zaidi. Tuliingia tukatembea kandokando yake bila viatu, sijui kwa nini tulivua, hakuna aliyesema tuvue. Mlangoni ilikuwa nyekundu tupu, na uzi mweupe ukingoni. Unatembea, unatembea, weupe unapanuka pole kama alfajiri. Nilikwenda mpaka nikapata mahali nyekundu na nyeupe zinapolingana. Nikahesabu vipande. Ilikuwa mwaka wa kumi na tano. Kuanzia pale nyeupe inakimbia, na kile kipande cha mwisho kabisa, pale kizingitini kwako, ni cheupe chote ila mstari mwembamba mwekundu kama damu ya mdomo uliopasuka.

Shemeji yako aliupima wekundu wote na weupe wote. Wekundu ni karibu mara mbili ya weupe. Yaani tutakuwa tumelipa nyumba tatu, Dada. Moja hii yenye bomba linalovuja, na mbili ambazo macho hayazioni. Siku zile nilikuwa nikiingia sebuleni nahisi kama napita kwenye nyumba zile mbili nyingine. Sisemi benki wametuibia. Miwani alinionyesha, yote yameandikwa, na sahihi ni yangu. Bila mkopo tungekuwa bado kwenye kile chumba kimoja cha kupanga. Nasema tu kwamba miaka ni kitu kikubwa. Nilikuwa nadhani ni Mungu peke yake awezaye kufanya kitu kikue bila kuguswa.

Miwani alikuja kukitazama. Akasema amekuwa akiwapa watu karatasi hizo miaka sita na hajawahi kuona zenyewe ni nini. Nikamuuliza, mtu akipata rejesho moja la ziada inakuwaje? Akanieleza kwamba likienda kwa neno maalumu, kwamba ni la kupunguza deni lenyewe na kufupisha muda, linaingia lote kwenye weupe. Linalipia weupe wa vipande vinavyofuata mpaka liishe, na wekundu wa vipande hivyo unakufa, hautalipwa na mtu yeyote mpaka siku ya kiyama.

Nikachukua rula. Nikaanza pale tulipo leo nikipima nyeupe za mbele yetu. Rejesho moja lilimeza vipande vitano. Lipa mwezi mmoja, mitano inaondoka. Halafu, sijui nini kilinituma, nikarudi mlangoni mwanzo kabisa, mwaka wa kwanza, palipo na ule uzi mweupe, nikapima rejesho moja lingemeza vingapi pale. Nilihesabu kumi na tano, kasoro kidogo. Nikahesabu tena. Nikakaa sakafuni.

Dada, hapa ndipo nilipotaka kufika tangu salamu. Niliketi pale nikamkumbuka mtu aliyesimama mlangoni mwaka ule wa kwanza na rejesho zima mkononi. Ulikuwa wewe. Uliniambia ile pesa ni ya deni, si ya mapambo, kwamba deni ni mwiba, hung'olewa ungali mpya. Na kila mwaka ulipotuma, niliandika nikakujibu kwamba nimeipeleka. Sikuipeleka. Hata mara moja, katika mara zote nane.

Niliona miaka ishirini ni bahari na pesa yako ni kikombe. Nikasema moyoni, ikimwagwa mle Dada hataiona tena, na mimi nataka siku akija aione kwa macho, aiguse. Basi nikaiweka yote chumbani kwako. Mwaka wa kwanza vigae. Wa pili dari. Kitanda kile cha mbao nzito, kabati la milango mitatu lenye kioo, godoro gumu kwa ajili ya mgongo wako, zulia, feni, na mwaka huu pazia zito na fremu yake. Niliona ni upendo. Na ulikuwa upendo, Mungu shahidi, lakini nilikusemea uongo mara nane, na kila uongo niliuandika chini ya salamu kama hizi. Chumba chenyewe, ukifuata kisigino cha shemeji yako, bado ni cha benki.

Miwani alinipigia hesabu ya hizo nane kama zingekwenda, kila moja kwa mwaka wake. Alisita kuniambia. Leo vingekuwa vimeondoka vipande hamsini na nane. Nilivikunja nikavibana kwa pini nione unene wake. Mita mbili, Dada. Miaka mitano kasoro miezi miwili. Nimeviinua kwa mikono yote miwili nikafikiria mashuka unayoinua wewe, na sikuweza kushona wiki nzima. Shemeji yako hakujua lolote mpaka siku ile, alidhani vitu vya chumbani uliagiza wewe, usimlaumu. Alitoka nje akakaa kwenye ngazi, aliporudi akasema tu kwamba wewe lazima uandikiwe, na uandikiwe na mimi.

Nilimwomba Mungu toba kwanza, nikaona toba bila kazi ni maneno. Nikauza kabati, kitanda, zulia na feni, na ile mashine yangu ndogo ya kufunga kingo. Nikapata marejesho mawili kamili. Nilikwenda nayo benki mwenyewe, nikasimama dirishani nikasema lile neno, kupunguza deni lenyewe na kufupisha muda, nikalisema mara mbili, na sikuondoka mpaka nikaliona limeandikwa kwenye risiti. Nilirudi nyumbani nikakata vipande kumi. Nimeunga pale nilipokata, na mshono hauonekani. Vimebaki mia moja thelathini na vinne.

Kwa hiyo chumba chako sasa ni kitupu. Kimebaki godoro, vigae, dari na pazia. Sauti ya mtu ndani yake inarudi.

Naomba usimuage msimamizi kwa sababu ya uongo wangu bila kujua ukweli. Deni halijavuka nusu, na halitavuka kwa muda mrefu bado. Lakini kama mgongo umesema basi, ni basi, njoo, tutalala wote chini kama tulivyolala utotoni, na mimi nitashona. Na pesa usiniletee tena. Ukitaka kuweka chochote, kipeleke benki mwenyewe, nambari nimeiandika nyuma ya risiti, wala usinipitishie mimi. Kila mwanzo wa mwaka rejesho la ziada litakuwa langu.

Ndani ya bahasha nimekuwekea vile vipande kumi na nakala ya risiti. Vitazame. Ni vyekundu sana, weupe wao haufiki sentimita sita, si kitu cha kujivunia. Ila ni miezi kumi ambayo haitakuja, na nimetaka uwe wa kwanza kuishika mkononi.

Shemeji yako anakusalimu kwa heshima, na bomba ameahidi. Watoto wanakubusu mikono. Wasalimie wenzako wa chumba cha pasi, nao Mungu awape nafuu ya migongo. Nisamehe, na kama bado hujaweza, niambie hivyo pia. Naomba unijibu mapema.

Mimi mdogo wako,
Sindano